Wimbo wa Marehemu

Walipomaliza kumfukia Elikana, kiongozi wa bendi, mjane wake alimwendea Lameki, aliyempigia marehemu tarumbeta kwa miaka thelathini.

"Shemeji, tupigie ule wimbo wake."

Lameki ndiye aliyeutunga, ujanani, lakini santuri ilipotoka ilikuwa na jina la Elikana peke yake. Wakati ule alinyamaza, na sasa hakukuwa na wa kumuuliza. Akapuliza mpaka midomo ikamuuma. Watu wakalia.

"Marehemu alijua kutunga," alisema mzee mmoja.

"Alijua," Lameki akajibu.

Kisha akaiinamisha tarumbeta, akafungua kitundu chake cha chini, akayaacha mate yaliyojikusanya ndani yadondoke polepole juu ya udongo mbichi wa kaburi, huku mjane akimtazama.