Mzabibu wa Tunu

Leo ni tarehe 9 Agosti 2094, huku Burgundi, Ufaransa. Kila mtoto azaliwaye mkoani huku hupandiwa mzabibu. Ukizaa zabibu za divai bila kumwagiliwa maji, mtoto hubaki kwao; ukimwagiliwa, wakaguzi wa mkoa humchukua. Mzabibu wa binti yangu Tunu ulinyauka kwa ukame, nami, nikiwa bado siijui sheria hii, nikaunywesha, kama tufanyavyo kwetu Dodoma.

Jirani yangu Odile aliutazama asubuhi.

“Mama Tunu, wa kwenu tu ndio mbichi. Mvua imekunyeshea peke yako?”

Nilicheka. Yeye hakucheka.

Sasa, kupitia dirishani, naona wakaguzi wameingia shambani. Tunu amewashika mikono, anawaonyesha majani ya mzabibu wake kwa fahari.

Msomaji, ukimjua mama mgeni huku, mfikishie habari hii leo.