Fahali Aliyevaa Bendera

Fahali alikuwa anatembea na bendera ya taifa mgongoni, na hakuna mtu aliyethubutu kusogea.

Ilikuwa saa kumi na mbili jioni. Mgambo Clemensi alikuwa amepuliza filimbi ya kwanza, na kama ilivyo desturi kijiji kizima kilisimama wima: wanawake na ndoo zao kichwani, lori la ngano katikati ya barabara ya Karatu, hata mlevi mmoja mlangoni pa kilabu. Bendera ikaanza kushuka. Ndipo fahali mweusi, aliyekuwa anarudi kutoka joshoni na wenzake, alipokwenda kujikuna shingo kwenye mlingoti. Mlingoti ukayumba, kamba ikamponyoka Clemensi, na bendera ikamwangukia fahali.

Filimbi ya pili hupulizwa bendera ikishakunjwa. Hii ilikuwa haijakunjwa. Kwa hiyo watu wote waliendelea kusimama, mikono ubavuni, wakimtazama fahali akila maharage ya shamba la kijiji mpaka akashiba.

Asubuhi Kisioki, mchungaji wa fahali huyo kutoka Ngorongoro, alifikishwa mbele ya baraza. Fahali alifungwa nje, karibu na dirisha. Mwenyekiti wa kijiji, Josephati Sulle, alikuwa amechungulia pale dirishani mara tatu. Wageni wa wilaya walikuwa wanakuja Jumamosi, na bohari ya kijiji ilikuwa na maharage tu.

"Kijana, unajua ulichofanya?"

"Mimi nilisimama, mzee. Ng'ombe ndiye hakusimama."

"Ungemwambia asimame!"

"Nilimwambia kwa Kimaasai. Labda ile filimbi inasema Kiswahili."

Watu wakacheka. Mwenyekiti akagonga meza.

"Mwalimu, mweleze huyu bendera ni nini."

Mwalimu Hyasinta, aliyekuwa pia mwandishi wa baraza, alisimama. Alikuwa na miaka ishirini na mitatu, na aliipenda bendera ile kwa moyo wake wote. Alieleza kwamba Tanganyika ilipopata uhuru mwaka sitini na moja ilipandisha kijani, nyeusi na rangi ya dhahabu. Kwamba mwaka sitini na nne, nchi mbili zilipoungana, Zanzibar ilileta bluu yake. Kijani ni ardhi na mazao. Dhahabu ni madini. Alipofika kwenye nyeusi, "ambayo ni sisi watu, sote, bila mkubwa wala mdogo," aliinua macho akawatazama wote barazani.

"Umesikia?" alisema Mwenyekiti. "Na bluu ni mbingu."

"Ni maji, Ndugu Mwenyekiti."

"Maji ya mbinguni. Mvua. Endelea."

Kisioki aliinua mkono. "Na nyekundu?" Alishika shuka lake. "Nyekundu iko wapi?"

"Nyekundu haimo," alisema Hyasinta, na kwa mara ya kwanza jambo hilo lilimsikitisha.

"Haidhuru, nimeelewa. Ni alama. Sisi tunakata sikio ili ng'ombe asipotee. Nyinyi mnaning'iniza kitambaa ili nchi isipotee."

Hyasinta alitamani kuyaandika maneno hayo ubaoni, shuleni kwake.

"Mbona fahali wako ana masikio mazima?" aliuliza Clemensi.

Kisioki alitazama chini. "Huyu hana alama."

"Ndiyo maana akapotelea kwenye bendera!"

Kicheko kilipotulia, Kisioki alizungumza polepole. "Huyu nilimpokea mwenyewe kutoka tumboni kwa mama yake, siku ya mvua ya mawe. Mama alikufa. Nikamnywesha maziwa kwa kibuyu changu. Nifungeni mimi, wazee wangu. Msimchinje."

Hyasinta aliinama juu ya karatasi ili watu wasione macho yake.

Mwenyekiti Josephati Sulle hakuinama. "Hapa hatuendi kwa huruma. Mnyama hana akili, na mchungaji ni mnyonge anayefuata mkia. Kosa la mnyama ni la mwenye mnyama. Andika hivyo, Mwalimu."

"La mwenye mnyama?" aliuliza Kisioki.

"Ndiyo! Watu wanaolimbikiza mifugo huko porini wakati wenzao wanalima pamoja! Mimi kiongozi wenu sina hata mbuzi. Andika: mwenye fahali apelekwe polisi Karatu leo hii, na fahali aliwe..."

"Ataifishwe," alinong'ona Hyasinta.

"Ataifishwe. Kabla ya Jumamosi."

Baraza lilipiga makofi. Mwenyekiti alivuta karatasi, akatia sahihi, akagonga mhuri wa kijiji kwa nguvu hadi kalamu ikaruka.

"Samahani, Ndugu Mwenyekiti, bado jina la mwenye fahali."

"Lijaze basi! Clemensi, tafuta kisu."

Hyasinta alimgeukia Kisioki. Alimwuliza kwa upole, kama mtu anayeomba radhi.

"Jina lako, kaka?"

"Mimi Kisioki ole Metui, mchungaji tu. Mwenye ng'ombe sijawahi kumwona. Hutuma shemeji yake, na nilikatazwa kumtaja kwa mtu yeyote. Lakini mzee huyu amesema hapa hakuna mkubwa wala mdogo, au ni wewe uliyesema, dada." Akasimama wima, mikono ubavuni, kama alivyosimama jana mbele ya bendera. "Anaitwa Josephati Sulle. Mkimkuta, mwambieni wale wengine arobaini wako salama."