Mama Anaweweseka

Katika maabara ya Chuo Kikuu cha Ndoto na Kumbukumbu, mama yake mhadhiri alilala huku nyaya zimebandikwa kwenye paji la uso. Mara akaanza kuweweseka.

“Mwanangu, mshike mdogo wako, usimwachie! Mto umejaa!”

Mhadhiri aliacha kuandika. Kwa miaka thelathini ukoo mzima ulimnyooshea mama kidole kwa kifo cha mdogo wake mhadhiri aliyezama mtoni, hata baba akamwacha, naye mama akajinyamazia. Mhadhiri alikuwa na miaka mitano wakati huo, hakukumbuka kitu.

Sasa alikitazama kiganja chake.

Mama alifumbua macho, akashtuka. “Nimesema kitu?”

“Umekoroma tu, mama.”

Mama akashusha pumzi. Mhadhiri akambandua nyaya moja moja, asithubutu kumtazama.