Mtegaji wa Shamba la Pareto

Situma alikuwa ametoroka tena. Kikapu chake kilibaki peke yake katikati ya maua ya pareto, nusu tupu, na mwenyewe amejikunyata vichakani kando ya shamba.

Hemed, karani wa shamba lile la Mzungu karibu na Molo, alimwona, moyo ukamshuka. Bwana naye alikuwa ameona.

Huo ulikuwa mwaka wa hamsini na tano, na Bwana hakukosa Kiingereza cha mambo hayo. Jumatatu Situma aliitwa lazy. Jumanne, idle. Kisha loafer, kisha shirker, na yote Hemed alitakiwa kuyatafsiri mbele ya wachumaji. Alianza na mvivu, akaenda mzembe, akachota goigoi kwenye Kiswahili cha wazazi wake wa Lamu, akamalizia na mtegaji. Maneno yakamwishia, Bwana bado anayo.

Situma akifukuzwa angehama kambini siku hiyo hiyo, na mkewe Nafuna ndiyo kwanza amejifungua. Baridi ya Molo nayo haina huruma. Hemed alimsikitikia, maana jamaa alikuwa hodari miaka yote. Uvivu ulimwingia wiki hiyo tu. Alimvuta pembeni akamuuliza kama anaumwa.

Situma alitazama chini, akasema haumwi. Aliomba tu apewe kazi ya kuchimba mitaro, au kuzoa mavi ya nguruwe. Ajabu gani hii! Mtu ameshindwa na maua, jembe ataliweza?

Basi Hemed akamfanyia wema. Alimpanga mstari mmoja na Nanyama, mama wa makamo aliyetoka Kimilili Jumapili na kulala kwa majirani. Bwana hakutaka mgeni asiyefanya kazi, kwa hiyo naye alipewa kikapu. Na mchumaji ndiye huyo! Hainui uso, hageuki, kutwa amewapa watu mgongo, mikono inakwenda tu. Hemed alimwambia Situma amwige.

Dakika chache baadaye ndipo Situma alipokimbilia vichakani.

“Afungashe,” Bwana alisema. Hemed alijaribu kumwombea, lakini Bwana alikwisha panda gari.

Ikabidi karani apeleke habari mwenyewe. Alimkuta Nafuna mlangoni, mtoto kifuani. Alimweleza kwa aibu jinsi alivyojitahidi kumwokoa mumewe, hata akamweka mstari mmoja na Nanyama, mchumaji bora kuliko wote, ili ajifunze bidii.

Nafuna aliketi chini polepole.

“Bwana karani,” alisema, “Nanyama ni mama yangu mzazi. Kwetu sisi Wabukusu mwanamume hatazamani na mama mkwe wake. Ulitaka akimbilie wapi?”