Pilipili Kifuani mwa Kasuku

Emérence, mama wa mume wangu, alimwaga manyoya ya kijivu mezani, karibu na fufu yangu.

“Ni huyu bibi yako anamunyonyoa kasuku,” alimwambia mwanawe, akininyooshea kidole. “Anapelekea muganga manyoya, akufunge na dawa. Lakini leo nilimupaka ule ndege pilipili kifuani. Tutaona mikono ya mwizi.”

Akanigeukia. “Leta mikono.”

Nikaiweka mezani. Akanusa, akalamba kidole changu kimoja. Hakuonja pilipili.

“Ulishanawa, mulozi weye,” alifoka hadi sahani zikatikisika.

Ndani ya tundu kasuku alishtuka. Akainamisha shingo, akajing’oa unyoya kwenye ngozi nyekundu ya kifua. Pilipili haikumzuia hata kidogo, akang’oa mwingine.

Emérence akanyamaza. Ndege naye akaacha.

“Umeona, mama,” nikasema. “Anafanya vile kila ukipiga kelele. Na si ndege peke yake.”

Nikafungua kitambaa cha kichwani, nikainamisha kichwa mbele ya mume wangu, aone mahali vidole vyangu mwenyewe vimeng’oa nywele na kuacha ngozi tupu.

Aliangalia. Kisha akasukuma sahani yake, akaenda kumletea mama yake viatu, akafungua mlango wa nje.