Kanga na Mfumua Dunia

Fungeni midomo, masikio yabaki wazi. Kinyonga alikuwa na elimu ya kufumua dunia. Hakubeba jembe wala moto. Alimuuliza mwenye kitu kimekaa juu ya nini, akauliza na hicho cha chini, na majibu yakiisha, kitu kinatoweka. Kiboko alikwama kwenye jibu la tatu, bwawa lake likatoweka, akabaki vumbini kama gunia.

Siku moja Kinyonga akamwendea Kanga aliyekuwa akiatamia.

"Mama, mayai yako yamekaa juu ya nini?"

Kanga hakunyanyuka. "Juu ya nyasi, mwalimu."

"Na nyasi?"

"Juu ya udongo."

"Na udongo?"

Hapo ndipo Kiboko alipokwama. Kanga akayageuza mayai kwa mdomo, taratibu, kama kila siku. "Udongo umekaa juu ya mayai haya. Asipozaliwa wa kuufukua, udongo wa nini?"

"Na mayai?"

"Juu ya nyasi, baba. Umesahau mara hii?"

Elimu ya Kinyonga haikumruhusu kuacha swali njiani. Wakazunguka siku nne, yeye akiuliza, Kanga akijibu na kuatamia, hadi mayai yakapasuka. Kifaranga wa kwanza akamtazama Kinyonga kule juu.

"Babu, wewe umekaa juu ya nini?"

"Juu ya tawi."

"Na tawi?"

"Juu ya mti."

"Na mti?"

"Juu ya udongo."

"Na udongo?"

Kinyonga akageuza jicho moja mbele, jingine nyuma. Mayai yalishapasuka; jibu hakuliona. Tawi likabaki tupu.

"Alikuwa msomi kwelikweli," alisema Kanga. "Kitako tu ndicho asichokuwa nacho. Haya, twendeni mkafukue."