Kicheko Kilichobaki

Bwana wa shamba la mkonge alimchukua mume wangu Idarusi kwenda naye Ulaya miezi sita, ampikie. Huku Pongwe nilibaki nikimshonea kofia, kitundu kimoja kimoja, uzi mweupe juu ya nguo nyeupe.

Aliporudi hakusimulia baridi wala meli. Alisimulia mchezo wa kuchekesha wa televisheni aliokuwa akiutazama kutoka mlango wa jikoni. Ndani yake mlikuwa na mke aliyeunguza chakula kila wiki, kisha akacheka kichwa kakilaza begani. Idarusi alimwigiza, majirani wakashika mbavu.

"Shoga, umeletewa mke mwenza ndani ya sanduku," wakanitania.

Pilau langu haliungui, wala Idarusi hajapata kulisimulia kwa mtu.

Alasiri moja alirudi kutoka kazini kanyong'onyea. Bwana wake kapata barua: mchezo ule umekatwa, haukumaliza hata miezi mitatu. Wala haukurekodiwa ukawekwa popote. Walikuwa wakiucheza papo hapo, ukipita umepita.

"Hata picha ya yule mwanamke haipo?" nikamwuliza.

"Haipo."

Moyo ukanitua. Nikamvika kofia nione kipimo. Ilimkaa sawasawa, vimebaki vitundu vitatu tu.

"Basi sasa yuko wapi mwenzangu?" nikamtania.

Idarusi akagusa paji la uso, chini kidogo ya ukingo wa kofia. "Yumo humu tu, mke wangu." Akakilaza kichwa begani, akacheka kile kicheko.

Nikamvua kofia. Nikatafuta ncha ya uzi, nikaanza kufumua.